YA MKOREA TWACHEKA, YA MTOTO WETU TWASHIKA BAKORA

Napenda leo, ndugu msomaji, tuzungumze juu ya jambo ambalo pengine utaona halimwelekei mtu wa chuo kuligusa, nalo ni wimbo wa Mkorea aliyekuwa akirukaruka kama mpanda farasi. Usiufunge ukurasa. Sikuja kukufundisha kucheza, wala sikuja kuhalalisha ala za muziki. Khitilafu ya maulamaa juu ya hilo inajulikana na vitabu vyake vipo. Nimekuja kugombeza. Na kwa kuwa katika watakaogombezwa nimo na mimi mwenyewe, nakuomba unistahimilie.

Nianze na arusi. Mwaka 2013 aliozwa binti mmoja hapa Segera, nami ndiye niliyesoma khutba ya nikaha. Arusi ilikuwa kubwa kuliko nyumba iliyoifanya. Gari la maharusi lilikodiwa Tanga mjini, lina maua mbele na nyuma. Mchele wa biriani uliletwa kwa magunia. Bwana arusi alivaa joho la kuazima na saa ya kuazima. Deni la siku ile nalijua, maana miezi minane baadaye niliitwa kulisuluhisha. Basi baada ya kula, wazee tungali tumekaa mikekani, vijana wakafungulia spika, na mtoto wa miaka kama sita akaingia katikati, akakutanisha mikono kama aliyeshika hatamu, akaanza ile ngoma ya farasi. Watu walicheka mpaka machozi. Wakamtuza, huyu mia tano, huyu elfu. Mzee mmoja katika kamati ya msikiti alitoa noti ya elfu mbili akambandika mtoto kwenye paji la uso, nayo kwa jasho ikashika. Na mimi, Mungu anisamehe, nilicheka pamoja nao. Hapana hata mmoja katika sisi aliyeuliza: je, huyu mtu anasema nini?

Mtoto yule mkumbuke. Atarudi.

Sasa nitakwambia anasema nini, maana nilichelewa kuuliza lakini niliuliza. Mwimbaji jina lake ni Park Jae-sang, na dunia yamjua kwa jina la PSY. Wimbo wake, "Gangnam Style", ulitoka tarehe 15 Julai 2012. Gangnam ni wilaya ya mji wa Seoul, makao makuu ya Korea ya Kusini, na tafsiri ya jina lenyewe ni kusini ya mto. Zamani palikuwa mashamba. Tangu miaka ya 1970 serikali yao ilipoupanua mji kuvuka mto Han, ardhi ile ikapanda bei, waliowahi kununua wakatajirika, shule zenye sifa zikahamishiwa huko, na majumba yakasimama. Leo mwenye kukaa Gangnam ni kama kwetu mtu anayesema anakaa Masaki. Na kila palipo mtaa kama huo huzuka watu wa aina ya pili: hawakai huko, hawana cha kuwaweka huko, lakini huvaa kama wa huko, hunywa kahawa kwa bei ya huko, na kwa siri hubana tumbo ili kahawa hiyo ilipike. Hao ndio aliowakejeli. Yeye mwenyewe ni mtoto wa tajiri, mzaliwa wa hukohuko Gangnam, naye alipata kueleza ya kwamba mtu wa Gangnam wa kweli hajitangazi kuwa ni wa Gangnam; wenye kujitangaza ni wale wanaojitia.

Ukiijua maana hiyo, picha za wimbo nazo hubadilika mbele ya macho yako. Bwana amejilaza kitini, mwanamke anampepea, wewe wadhani yuko ufukweni. Kumbe yuko katika kiwanja cha watoto cha kuchezea mchanga. Anatembea kwa maringo na mabibi wawili, na upepo unawapiga takataka usoni na kinywani. Anajigamba kwa wapanda farasi wakubwa, na farasi hana. Anaruka tu zizini. Mwishowe yuko chooni, amekaa, anaimba. Zimo pia picha za wanawake walioacha miili yao wazi, ambazo mzazi wa Kiislamu hahitaji mtu wa kumwambia hukumu yake, na hilo siliongezei neno.

Basi ilikuwaje? Ilikuwa hivi: tarehe 21 Desemba 2012 wimbo huo ulifikia kutazamwa mara bilioni moja katika YouTube, na haukupata wimbo wala picha yoyote kuufikia mpaka huo kabla yake. Mwaka 2014 wenye YouTube walitangaza kuwa umeipita hesabu ya 2,147,483,647, ambayo ndiyo iliyokuwa kikomo cha mashine yao ya kuhesabia, ikawabidi waibadili. Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa wa siku zile, Ban Ki-moon, ambaye naye ni Mkorea, alikutana na PSY huko New York mwezi wa Oktoba 2012 wakaruka pamoja mbele ya wapiga picha. Wakubwa waliruka, wadogo waliruka, askari waliruka, wafungwa waliruka. Na hapa Segera katika arusi ya mkopo, chini ya turubai la kukodi, mbele ya bwana arusi mwenye saa isiyo yake, tuliruka wimbo unaotucheka sisi wenyewe kwa kujitia tusivyokuwa. Tuliuruka kwa furaha, na tukautuza.

Vijana wangu husema: "Maalim, kitu kikitazamwa na watu bilioni hakiwezi kuwa bure." Mimi nasema, na nataka unishike kwa neno langu hili, ya kuwa kejeli ikipendwa na watu bilioni huenda imekwisha kufa. Kejeli ni kama sindano ya daktari, lazima imwingie mtu mmoja mahali pamoja, na mtu huyo aseme, "Aa!" Sindano iliyopita katika mikono ya watu bilioni bila hata mmoja kusema "Aa" imegeuka kitu cha kuchezea. Sikusema Mkorea yule alikosa kuijua kazi yake. Nasema dunia ilichukua miguu yake ikaacha ulimi wake, kwa kuwa miguu haimuudhi mtu.

Sisi wa pwani hatuhitaji kwenda Korea kuyaona haya. Mwaka 1982 kikundi cha Them Mushrooms cha Mombasa kilitoa "Jambo Bwana", wimbo wa adabu wa kumkaribisha mgeni na kumtuliza kwamba hapana shida. Mwaka uliofuata tu kikundi cha Boney M. kikauimba tena kwa namna yake, na mpaka leo hapana hoteli ya watalii usikousikia. Nawapa haki yao wenyewe. Lakini tazama: neno lisilomuudhi mtu halitakiwi kuonyesha pasipoti. Mashairi ya Muyaka bin Haji, aliyefariki mwaka 1840 katika Mombasa hiyohiyo, aliyokuwa akimpiga kwayo Seyyid Said na wote walioukodolea macho mji wake, hayakupigwa hotelini, na Seyyid Said alikuwa na sababu ya kutoyapenda.

Nitakupa mfano wa pili ulio wazi zaidi, nao ni wa wimbo huohuo wa Mkorea. Mwezi huohuo wa Oktoba 2012 alioruka Katibu Mkuu, msanii mmoja wa Kichina, Ai Weiwei, ambaye serikali yake iliwahi kumweka kizuizini mwaka uliotangulia, naye aliruka. Lakini yeye aliruka akiwa na pingu mkononi, akaiweka picha yake katika mitandao ya kwao. Haikukaa, upesi ikaondoshwa. Ngoma ni ileile na kuruka ni kulekule. Kilichozidi ni pingu. Kabla ya pingu Wachina walikuwa wakiitazama ngoma hiyo bila kukatazwa. Ilipopata mtu wa kumchoma, ikakatazwa.

Na PSY mwenyewe? Mwaka 2004, siku za vita vya Iraq, alipata kuimba maneno makali juu ya askari wa Marekani na jamaa zao. Sitayatetea, maneno yaliyowaingiza wake na watoto wa watu katika kuuawa ni dhulma, na dini yetu haimruhusu hata mpiganaji kuwagusa hao. Alipokwisha kuwa mtu wa dunia nzima maneno hayo yakafukuliwa, na mwezi wa Desemba 2012 akaomba radhi, na siku chache baadaye akaimba huko Washington katika hadhara aliyokuwamo Rais Obama. Kuomba radhi kwa neno baya ni jambo jema. Lakini mimi nilijiuliza: katika huko kupendwa na watu bilioni, ulimi wa mtu huyu utaweza tena kumwambia nani neno zito?

Turudi kwetu. Segera ni njia panda. Basi litokalo Dar es Salaam hufika hapa likaamua, kulia Tanga, au mbele Korogwe mpaka Moshi na Arusha. Abiria hushuka kunywa chai na kununua machungwa, na kila wimbo unaopigwa Dar es Salaam hushuka nao. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 ulishuka wimbo ambao haukutoka Dar es Salaam. Ulitoka kwetu Tanga. Wagosi wa Kaya, vijana wawili, Mkoloni na Dk. John, jina lenyewe limechukuliwa katika lugha za nyumbani, wagosi wakiwa ni waume na kaya ikiwa ni nyumbani. Walikuwa na "Tanga Kunani", wakiuliza mji wa viwanda na mkonge umepatwa na nini. Walikuwa na "Wauguzi", juu ya lugha wanayopokelewa nayo wagonjwa hospitalini, khasa kina mama wa kujifungua. Walikuwa na "Trafiki", na huo, sisi wakaazi wa njia panda, hatukuhitaji wa kutufasiria.

Nyimbo hizo hazikufika New York. Zilifika wodini. Mama zetu walizisikia wakasema, "Kumbe si mimi peke yangu." Na wauguzi walizisikia, maana walijua ni wao. Hapana Katibu Mkuu aliyezicheza, na si ajabu. Hiyo, ndugu msomaji, ndiyo kejeli yenye uhai: mwenyewe akiipita njiani huitambua.

Kabla yao alikuwapo Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba, Unguja, aliyefariki mwaka 1950, ambaye mtani wetu wa Tanga, marehemu Shaaban Robert, aliandika wasifu wake. Siti alipelekwa Bombay mwaka 1928 kutiwa sauti katika santuri, na santuri zake zikaenea pwani yote na bara. Kwa hiyo kuenea si kitu kigeni kwetu. Lakini wimbo wake wa "Kijiti" ulihusu mwanamke aliyeuawa, mwuaji akavuka bahari akapona, na hakimu akawatia hatiani wanawake waliokuwa na marehemu. Kila aliyeinunua santuri ile alijua ni mahakama gani inayosemwa. Santuri ilisafiri na sindano yake ikiwa ndani. Ndiyo maana sisemi kuenea ni kubaya. Nauliza kinachoenea ni kipi, ni miguu au ni ulimi.

Na siku hizi nako kuna ajabu. Mwezi wa Machi 2017 kijana Ney wa Mitego alikamatwa kwa ajili ya wimbo wake "Wapo", na Baraza la Sanaa likaupiga marufuku. Muda si muda Rais Magufuli akaagiza aachiwe na wimbo upigwe, na Waziri akaeleza kuwa Rais ameupenda, na ameshauri uongezwe waovu wengine ndani yake. Kuachiwa kwa kijana lilikuwa jambo la haki. Lakini mkejeli akishaletewa orodha ya watu wa kuwakejeli, sijui tena kama tumwite mkejeli au karani.

Sasa yule mtoto.

Amekuwa kijana wa miaka kumi na minane, anasoma kwangu, amekwisha khitimu na sasa yuko katika fiqhi. Msikiti mmoja katika njia yetu hii (siutaji, na misikiti ni mingi, kila msomaji atadhani ni wake) ulichangisha fedha za kujenga tangi la maji ya udhuu. Mtu wa Handeni hahitaji kuelezwa maji ni nini. Kila nyumba ilitoa ilichojaaliwa. Bibi mmoja mjane aliuza mbuzi. Na jamaa walioko Maskati walituma fungu lao. Ikapita mvua ya kwanza, ikapita ya pili. Kilichosimama mpaka leo ni nguzo nne za zege, na juu yake kunguru. Kila anayeuliza hujibiwa kuwa kamati itakutana.

Basi kijana akaichukua ngoma ileile ya Mkorea aliyotuzwa nayo utotoni, akaitia maneno yake, akasimama chini ya zile nguzo nne na ndoo kichwani, akaruka ngoma ya farasi huku maji yakimwagika, na rafiki yake akimpiga picha kwa simu. Maneno yake yalianza hivi:

Tangi letu la udhuu, limejengwa kwa maneno,
Koki zake ni nyaraka, maji yake mikutano.

Siku ya tatu ilikuwa katika kila simu, Kabuku, Michungwani, Hale mpaka Tanga mjini. Siku ya nne jamaa wa Maskati alipiga simu kuuliza, "Maalim, ni kweli?"

Usiku huo baada ya sala ya Isha wazee wa kamati walinijia. Hawakukaa. Walisema, "Maalim, kijana wako ametuvua nguo mbele ya dunia. Mchape, kisha umwondoshe chuoni." Na aliyesema "mchape" ni yuleyule aliyembandika elfu mbili kwenye paji la uso. Mimi, mtu mwenye ndevu nyeupe, niliyesoma na kusomesha umri wangu wote, nilijibu, "Nitamwondosha." Asubuhi nikamwita nikamwambia asije mpaka nitakapompelekea habari. Akanishika mkono akaubusu, akasema, "Nimekusikia, Maalim," akaenda zake.

Mchana nilimsimulia mke wangu. Alikuwa akichambua mchele, hakuinua kichwa. Akaniambia, "Sawa, amekosa adabu. Lakini tangi lipo?"

Sikuwa na jawabu. Nikaingia ndani nikafungua vitabu, jambo ambalo ningepaswa kulifanya kabla ya kufungua kinywa.

Katika Sura ya Hujurat, aya ya 11, Mwenyezi Mungu ametukataza watu kuwadharau watu, na kuitana kwa majina mabaya, na aya inayofuata yakataza kusengenyana. Hii ndiyo aya wazee walionisomea, na ni haki. Lakini Qur'ani haikuishia hapo. Katika Sura ya Nisaa, aya ya 148, imeelezwa kuwa Mungu hapendi neno baya litangazwe, ila kwa aliyedhulumiwa. Na mwisho wa Sura ya Shuaraa, baada ya kulaumiwa washairi wanaotangatanga katika kila bonde na kusema wasiyoyatenda, wametolewa wale walioamini na kutenda mema na kujitetea baada ya kudhulumiwa. Imam Nawawi katika Riyadh, kitabu ambacho hakikosekani katika nyumba zetu, ameweka mlango mzima wa pale panaporuhusiwa kumtaja mtu kwa asilolipenda, na la mwanzo kabisa ni mdhulumiwa anapoishitakia dhulma yake, na la pili ni mwenye kutafuta msaada wa kuliondosha ovu.

Kisha kuna habari ya Hassan bin Thabit (R.A.). Makureshi walipomtukana Mtume kwa mashairi, Hassan ndiye aliyewajibu kwa mashairi, tena alikuwa akiwekewa mimbari msikitini Madina. Lakini kabla ya kuwajibu aliambiwa aende kwanza kwa Abu Bakr, kwa kuwa Abu Bakr ndiye aliyekuwa akizijua nasaba za Makureshi, ili asije akampiga asiyestahiki, kwani Mtume naye ni katika kabila hilohilo. Nimesomesha hadithi hii miaka mingi nikiitaja kwa ajili ya ufasaha wa Hassan. Mchana ule niliisoma kwa jicho jingine. Hata kejeli ya haki huanzia kwa mtu mwenye habari za kweli, na mshale wake hauelekezwi ila kwa mwenye kosa.

Nikachukua simu ya mjukuu wangu nikaitazama ile picha tena, pole pole, kama mtu anayesahihisha ubao. Juu ya tangi sikuona neno la uwongo. Nguzo ni nne, kweli. Mikutano ni mingi, kweli. Hakusema mtu ameiba. Alisema tangi halipo. Lakini palikuwa na mahali, katikati, ambapo kijana anachechemea huku akihesabu noti za karatasi, na kila mtu wa kwetu anamjua mweka hazina wa kamati kuwa ni kilema wa mguu mmoja tangu utoto. Pale watu ndipo walipocheka zaidi. Na hapo ndipo palipo haramu. Mguu ule ni kazi ya Mungu, haukula fedha ya mtu. Huko ndiko kudharau kulikokatazwa na Hujurat, na ungekuja kunitetea kwa Hassan bin Thabit ningekukatalia.

Nikamwita. Nikamwambia: "La tangi sikuombishi radhi. La mguu, utaomba, na utaomba mbele ya watu kama ulivyolitenda mbele ya watu." Akainama, akasema kwa sauti ndogo kwamba hakufikiri, watu wanataka kucheka, na bila ya kuchechemea picha isingeenea. Tazama basi, ndugu msomaji! Huyu ndiye mtoto tuliyemlea kwa noti ya paji la uso. Tulimfundisha akiwa na miaka sita kwamba kuruka hulipwa na maana haiulizwi, na alipopata maana ya kusema akaona haitoshi, lazima aitilie na mguu wa kilema ili watu wengi zaidi watazame. Kosa hilo ni lake, lakini mtaji wake tuliutoa sisi.

Ijumaa iliyofuata alisimama baada ya sala akaomba radhi, na ile sehemu akaifuta. Mweka hazina alimpa mkono. Ni mtu muungwana. Alisema amezoea, maneno ambayo yaliniuma kuliko kama angekasirika. Kijana akarudi chuoni.

Wazee wawili katika kamati mpaka leo hawanijibu salamu vizuri. Mmoja alinipelekea ujumbe kuwa nimewapa watoto fimbo ya kuwapigia wakubwa. Namjibu hapa kwa kuwa alisema hadharani. Mzee wangu, fimbo ile hatukumpa sisi. Iko mkononi mwa kila mtoto mwenye simu, na hutaiondoa. Utakachoweza ni kumfundisha aielekeze wapi. Ukimfukuza yule anayesema tangi halipo, utabaki na wale wanaochechemea tu, na hao hawatakuuliza hesabu, watakucheka. Na ukitaka vijana waache kejeli kabisa, waache na ya Mkorea pia. Usimtuze kwa ile isiyokugusa ukamchapa kwa ile inayokugusa.

Nawe mama wa nyumbani, Pangani, Mombasa, Unguja au popote uisomapo hii, ambaye mwanao yuko sebuleni sasa hivi anaruka wimbo wa watu usioujua: usimpokonye simu kwa hasira. Muulize, "Mwanangu, anamwambia nani? Anamwambia nini?" Akijua, mwache akueleze, huenda ukajifunza, na ukiona ni uchafu mwambie ni uchafu na kwa sababu gani. Asipojua, mtume akatafute. Mimi sikumuuliza yule wangu mwaka 2013, na miaka kumi na zaidi baadaye niliwajibika kumuuliza kwa aibu, mbele ya wazee waliosimama.

Hesabu ya tangi iliahidiwa kusomwa Ijumaa ile ile ya kuomba radhi, kisha ikaahirishwa kwa kuwa daftari liko kwa mjumbe aliyesafiri. Mjumbe amekwisha kurudi. Nimemwona kwa macho yangu kituo cha mabasi, akinunua machungwa. Zimepita Ijumaa nne. Bado twapanga ndoo mlangoni kabla ya adhana, na yule bibi aliyeuza mbuzi huja na galoni lake la lita tano kutoka nyumbani, akalishusha mbele yangu, akanisalimia, wala haniulizi kitu.